MTO NILE NA TAIFA LA MISRI: MAJI NI YA NANI?

 

Wanafunzi wa tafsiri wakifika katika Sura az-Zukhruf, aya ya 51, hukutana na Firauni akijifakharisha mbele ya watu wake. Anawauliza kama si yeye mwenye ufalme wa Misri, na kama mito ile inayopita chini yake si yake. Mara nyingi tunapita hapo kwa haraka, tukikimbilia kisa cha kuzama kwake. Mwaka huu tumeona tusimame kidogo kwenye aya hiyo, kwa sababu ndani yake limo swali ambalo historia ya Misri imekuwa ikilizunguka kwa miaka elfu tano: maji ya mto ni ya nani? Firauni alijibu kwamba ni yake. Baada yake wakaja magavana, makhalifa, masultani, wakoloni na marais, na kila mmoja akalijibu kwa vitendo vyake. Nasi wa Afrika Mashariki hatuwezi kusema kuwa swali hilo halituhusu, kwani sehemu ya maji hayo inatoka kwetu.

MTO UNAOTOKA MBALI

Mto Nile una urefu wa kiasi cha kilomita 6,650, na una matawi makubwa mawili. Tawi la kwanza ni Nile Nyeupe, inayotoka Ziwa Victoria pale Jinja, nchini Uganda. Ziwa lenyewe hupokea mito mingi, na mkubwa wao ni Kagera, ambao hukusanya maji ya milima ya Burundi na Rwanda na kupita Tanzania na Uganda kabla ya kuingia ziwani. Tawi la pili ni Nile ya Buluu, inayotoka Ziwa Tana katika nyanda za juu za Ethiopia. Matawi haya mawili hukutana Khartoum, Sudan, kisha mto mmoja hulikata jangwa mpaka Bahari ya Mediterania.

Mwanafunzi akiitazama ramani hudhani kwamba Nile Nyeupe, kwa kuwa ndiyo ndefu, ndiyo inayopeleka maji mengi Misri. Sivyo. Ikifika Sudan Kusini hutawanyika katika kinamasi kikubwa kiitwacho Sudd, na kiasi cha nusu ya maji yake hukaushwa na jua. Kiasi cha asilimia 85 ya maji yanayofika Misri ni mvua iliyonyesha Ethiopia. Hata hivyo Nile Nyeupe ina fadhila yake. Maji ya Ethiopia huja kwa kishindo msimu wa mvua kisha hupungua sana, bali yale ya maziwa yetu hutiririka mwaka mzima, na ndiyo yaliyokuwa yakiutunza mto usikatike miezi ya kiangazi.

Vitabu vingi humtaja Mwingereza John Speke kuwa ndiye aliyegundua chanzo cha Nile alipofika Jinja mwaka 1862. Ni haki tuongeze kwamba msafara wake ulianzia Unguja, kwamba alikuwa na viongozi wa Kiafrika kama Sidi Mubarak Bombay, na kwamba habari za ziwa hilo alikwisha kuzipata miaka michache kabla, huko Kazeh (Tabora ya leo), kwa mfanyabiashara Mwarabu aitwaye Snay bin Amir. Waliokuwa wakivua samaki ziwani humo karne kwa karne hawakuwa na haja ya kugunduliwa.

MWAKA WENYE MISIMU MITATU

Misri haina masika wala vuli. Nchi ina ukubwa wa kiasi cha kilomita za mraba milioni moja, na karibu yote ni jangwa. Mpaka leo, ambapo watu wake wamepindukia milioni 100, kiasi cha asilimia 95 kati yao wanaishi katika ukanda mwembamba wa bonde la mto na delta yake.

Kila mwaka mvua zilipoanza Uhabeshi mwezi Juni, maji yalianza kupanda Aswan mwishoni mwa mwezi huo, yakafikia kilele chake Septemba, kisha yakarudi nyuma Oktoba na Novemba. Yaliporudi yaliacha mashambani tope jeusi lenye rutuba lililokokotwa kutoka milima ya mbali. Mkulima alimwaga mbegu juu ya tope hilo, akavuna ngano na shayiri kabla ya joto kali kurudi. Kwa hiyo Wamisri wa kale waliugawa mwaka katika misimu mitatu: msimu wa mafuriko, msimu wa kuota mimea na msimu wa mavuno. Nchi yao waliiita Kemet, yaani nchi nyeusi, kwa rangi ya udongo ule. Tuzingatie maajabu haya: mafuriko yalikuja wakati wa joto kuu, mbingu ikiwa nyeupe pasipo hata wingu moja. Mtu asiyejua habari za Uhabeshi angedhani mto unajaa wenyewe. Haishangazi kwamba wapo walioufanya mto kuwa mungu.

Mto huu uliwafunza watu kufanya kazi pamoja. Ili maji yakae shambani muda wa kutosha, wakulima walijenga matuta marefu ya udongo na kuyagawa mashamba katika mabonde makubwa, bonde la juu likijaa linafunguliwa kulisha la chini. Tuta la kijiji kimoja likibomoka, kijiji cha pili kinaangamia. Basi palihitajika msimamizi, karani, na hesabu. Isitoshe, mafuriko yalifuta mipaka ya mashamba kila mwaka, na kila mwaka wapimaji walitoka na kamba zao kuweka mipaka upya. Elimu ya kupima ardhi ilikuzwa sana na haja hiyo. Hatusemi kuwa mto peke yake ndio uliounda dola ya Misri, kwani iko mito mikubwa duniani isiyozaa dola kama hiyo. Lakini kufikia kiasi cha mwaka 3100 kabla ya kuzaliwa Nabii Isa (A.S.), nchi ya juu na nchi ya chini zilikwishakuwa chini ya mfalme mmoja, na kilichoziunganisha zaidi ya kitu chochote ni maji yale yale yaliyopita mbele ya milango ya wote.

Mto ulikuwa pia barabara. Sisi wa pwani, tuliozoea kaskazi na kusi, tutaielewa hikma hii upesi. Maji ya Nile hutiririka kwenda kaskazini, na upepo wa Misri kwa kawaida huvuma kutoka kaskazini kwenda kusini. Anayeshuka hubebwa na maji, na anayepanda hutweka tanga. Nahodha hakulazimika kungoja miezi sita upepo ugeuke. Kwa njia hiyo mfalme aliyekaa mahali pamoja aliweza kupeleka askari na kukusanya nafaka katika nchi yenye urefu wa kilomita elfu moja.

Na nafaka ndiyo iliyokuwa hazina. Tumesoma katika Sura Yusuf (aya ya 43 hadi 49) ndoto ya mfalme ya ng'ombe saba wanono na saba waliokonda, na jinsi Nabii Yusuf (A.S.) alivyoifasiri: wapande miaka saba, wanachovuna wakiache katika masuke yake isipokuwa kidogo cha kula, kisha itafuata miaka saba ya shida. Qur'an haikuutaja mto katika ndoto hiyo. Ila kila aliyeishi Misri alijua kuwa miaka ya shida huja mto usipopanda. Funzo la ufundi lililomo ni kubwa: nafaka iliyoachwa katika suke hudumu zaidi kuliko iliyopukuchuliwa, na serikali yenye akili huweka akiba wakati wa neema. Nabii Yusuf aliomba awekwe juu ya hazina za nchi, akijieleza kuwa ni mlinzi na mjuzi. Firauni, kwa upande wake, aliuona mto ule ule kuwa ni ushahidi wa ukubwa wake. Ni mto huo huo pia ambao mama wa Nabii Musa (A.S.) aliamrishwa kumtia mwanawe ndani yake, na maji yakambeba mpaka kwenye nyumba ya adui yake.

SAYYIDNA UMAR (R.A.) NA MTO

Jeshi la Kiislamu chini ya Amr bin al-As (R.A.) liliingia Misri mwishoni mwa mwaka 639 (18 Hijria). Ngome ya Babilyun, karibu na mahali ilipo Cairo leo, ilisalimu amri mwaka 641. Amr alitaka makao yake yawe Alexandria, mji mkubwa na mzuri wa pwani. Inasimuliwa kuwa Khalifa Umar bin al-Khattab (R.A.) alikataa, akitaka pasiwe na maji ya kumtenga yeye na jeshi lake. Hivyo Waislamu wakajenga Fustat upande wa mashariki ya mto, na hapo ukasimama msikiti wa kwanza wa Misri. Cairo ilizaliwa baadaye kando ya mji huo. Kwa maneno mengine, mahali ulipo mji mkuu wa Misri hadi leo palichaguliwa kwa kuutazama mto.

Umar hakuwa ameisahau njaa ya Mwaka wa Ramada, mwaka wa 18 Hijria, ambapo Madina na jirani zake walikosa mvua na mifugo ikafa. Misri ilipofunguliwa, aliamrisha ufukuliwe mfereji wa kale wa zama za Warumi uliokuwa umejaa mchanga, unaotoka mtoni hadi Qulzum, karibu na Suez ya leo. Mfereji huo ukaitwa Mfereji wa Amirul-Muuminina. Majahazi yakabeba ngano ya Nile hadi Bahari ya Sham, na kutoka hapo hadi bandari ya al-Jar, inayohudumia Madina. Mto wa Afrika ukailisha miji mitakatifu ya Hijazi. Tunapenda wanafunzi wakikumbuke kitendo hiki kuliko vita vyote vya ufunguzi.

Lakini lazima tuseme na lililofuata. Mwaka 762 (145 Hijria) palitokea uasi Madina dhidi ya Khalifa al-Mansur wa Bani Abbas. Mfereji ukazibwa ili chakula kisiwafikie watu wa Madina. Njia iliyofukuliwa na khalifa mmoja ili kulisha wenye njaa, khalifa mwingine aliifunga ili njaa iwe silaha yake. Sehemu ya mfereji iliyopita Cairo iliendelea kutumika, hadi ilipofukiwa mwishoni mwa karne ya 19 na juu yake ikapita reli ya tramu.

Kipo kisa kingine mashuhuri ambacho wazee wetu hukisimulia sana. Kinasema kuwa watu wa Misri walikuwa na ada ya kumtupa mtoni msichana mmoja kila mwaka ili mto upande, Amr akaikataza, na mto ukachelewa miezi mitatu. Umar akatuma karatasi itiwe mtoni, yenye maana kwamba ikiwa mto unakwenda kwa hiari yake basi hauna haja ya kwenda, na ikiwa ni Allah anayeuendesha basi Yeye ndiye anayeombwa. Mto ukapanda. Kisa hiki kimo katika vitabu vya Ibn Abdil-Hakam na Ibn Kathir. Wanafunzi wa elimu ya hadithi watatambua, hata hivyo, kwamba ndani ya sanadi yake yumo mtu asiyetajwa jina, kwa hiyo hakiwezi kusimama kama hoja. Tena wakati huo Wamisri wengi walikuwa Wakristo wa Kikopti, ambao dini yao hairuhusu kafara ya mtu. Maana yake kuhusu tauhidi ni sahihi bila ya shaka. Ila usahihi wa maana hauthibitishi kutokea kwa tukio, na ni vyema kijana ajifunze kutenganisha mambo haya mawili mapema.

NGUZO YA DHIRAA

Tunafika sasa katika jambo linalotuvutia kuliko yote. Katika kisiwa cha Rawda, Cairo, lipo shimo kubwa lililojengwa kwa mawe, lenye ngazi ya kushukia, na katikati yake imesimama nguzo ya marumaru yenye pande nane. Nguzo imechorwa mistari ya dhiraa. Zamani njia tatu chini ya ardhi, kila moja kwa kimo chake, zililiunganisha shimo na mto, na maji ya mto yakipanda nje, yalipanda na ndani pia. Kipimo hiki kilijengwa mwaka 861 (247 Hijria) kwa amri ya Khalifa al-Mutawakkil. Kwenye kuta zake zimechongwa aya za Qur'an kwa hati ya Kikufi, aya zinazozungumzia maji na mimea. Leo ni mahali pa kutembelewa tu, na njia zake za maji zimezibwa.

Kwa nini dola ijitaabishe hivyo kupima mto? Kwa sababu kimo cha maji kilikuwa ndicho bajeti ya nchi. Maji yakifika dhiraa 16, mashamba ya kutosha yamenyweshwa, na kwa hesabu hiyo kharaj, yaani kodi ya ardhi, ikawa wajibu kulipwa. Siku hiyo ilikuwa sikukuu, na tuta la mfereji wa Cairo lilikatwa mbele ya mtawala ili maji yaingie mjini. Chini ya kiwango hicho watu walianza kuhofia njaa. Yakizidi mno, karibu dhiraa 20, vijiji na matuta hubebwa. Kati ya njaa na gharika kulikuwa na urefu wa mikono michache tu, na mkulima hakuwa na la kufanya juu yake.

Wapiga mbiu walipita mitaani kila siku wakitangaza mto umepanda vidole vingapi. Hapo ndipo tabia za wanadamu zilipojitokeza. Mto ukichelewa siku chache tu, wenye nafaka walifunga maghala, bei ikaruka, na njaa ikaanza kabla ya kupungua kwa chakula chenyewe. Mwanahistoria al-Maqrizi ameandika kuwa mtawala wa Kifatimi, al-Muizz, alipiga marufuku mwaka 362 Hijria (973) kutangazwa kwa kupanda kwa mto mpaka ufikie dhiraa 16. Kabla ya hapo habari ilipelekwa kwake na kwa amiri wake Jawhar peke yao. Je, aliwaficha watu habari iliyo haki yao, au aliwalinda na walanguzi? Tumelijadili swali hili sisi kwa sisi na hatukuafikiana. Tunawaachia wasomaji.

Miaka mibaya ilikuja. Mibaya kuliko yote katika kumbukumbu za Misri ya Kiislamu ni ile ya zama za al-Mustansir, kiasi cha miaka saba kuanzia mwaka 1065 (457 Hijria). Mto ulikuwa mdogo, na papo hapo vikosi vya jeshi vilikuwa vikipigana vyenyewe kwa vyenyewe na kupora hazina. Watu walikula mbwa na paka. Mwaka 1200 na 1201 mto ulipungua tena, na tabibu kutoka Baghdad, Abdul-Latif al-Baghdadi, aliyekuwapo Misri, aliandika aliyoyaona kwa macho yake, mengine hatuwezi kuyaeleza katika jarida linalosomwa na watoto. Ni tabibu huyo huyo aliyeyachunguza mafuvu zaidi ya elfu mbili ya waliokufa, akakuta kwamba utaya wa chini ni mfupa mmoja. Galen, bingwa wa tiba wa Kiyunani, alikuwa amefundisha kuwa ni miwili, na matabibu waliendelea kumfuata kwa karne nyingi bila ya kuangalia.

Al-Maqrizi, aliyepata kuwa muhtasibu wa masoko ya Cairo, aliandika kitabu kizima juu ya njaa za Misri mwaka 1405 (808 Hijria). Alikuwa mtu wa vipimo na bei, akaijua sokoni kila hila. Hoja yake ni kwamba mto hupungua na kurudi, lakini njaa hurefushwa na watu. Alitaja rushwa katika kupata vyeo, kodi za ardhi zilizopandishwa mpaka mkulima akaacha kulima, na sarafu za shaba zilizojazwa sokoni hata fedha ikakosa thamani. Anayenunua cheo, anaeleza, lazima airudishe fedha yake kwa kuwakamua walio chini yake. Kitabu hicho kina zaidi ya miaka 600.

PAMBA, DENI NA UKUTA MKUBWA

Wapo waliotamani kuufunga mto. Inasimuliwa kuwa mwanachuoni mkubwa wa elimu ya mwanga, Ibn al-Haytham, aliitwa na al-Hakim ili aurekebishe mto. Alisafiri hadi karibu na Aswan, akaona haiwezekani kwa nyenzo za wakati ule, naye kwa kuuogopa ukali wa mtawala akajifanya mwendawazimu.

Kilichomshinda yeye kilianza kuwezekana karne ya 19. Muhammad Ali, aliyetawala kuanzia mwaka 1805 hadi 1848, alichimba mifereji ya kina ili mashamba yapate maji mwaka mzima, na pamba ilimwe kwa ajili ya viwanda vya Ulaya. Mfereji wa Mahmudiyya wa kwenda Alexandria ulichimbwa kuanzia mwaka 1817 hadi 1820 na wakulima waliotolewa vijijini kwa nguvu, na maelfu kati yao walifia kazini. Warithi wake walikopa Ulaya, deni likawashinda, na mwaka 1882 Waingereza wakaikalia nchi. Mwaka 1902 walimaliza bwawa la kwanza la Aswan.

Baada ya uhuru Rais Gamal Abdel Nasser alitaka bwawa kubwa zaidi. Marekani na Uingereza zilipoondoa ahadi zao za fedha, aliutaifisha Mfereji wa Suez tarehe 26 Julai 1956, ili mapato yake yajenge bwawa. Uingereza, Ufaransa na Israel zikaishambulia Misri mwaka huo huo, kisha zikalazimika kuondoka. Bwawa Kuu la Aswan lilianza kujengwa mwaka 1960 kwa msaada wa Urusi ya Kisovieti na likakamilika mwaka 1970. Ukuta wake una kimo cha mita 111, na ziwa lililo nyuma yake lina urefu wa kiasi cha kilomita 500, mpaka ndani ya Sudan.

Kwa bwawa hilo mafuriko yakakoma. Ethiopia na Sudan zilipokumbwa na ukame na njaa katika miaka ya 1980, Misri ilikula kwa maji ya akiba. Ni kazi inayokaribiana na ya Nabii Yusuf, isipokuwa kilichowekwa ghalani safari hii ni maji yenyewe. Lakini lile tope jeusi sasa hubaki nyuma ya ukuta, mkulima hununua mbolea, na bahari inaila delta. Na kiasi cha Wanubi 100,000 wa Misri na Sudan walihamishwa, vijiji vyao vikafunikwa na maji pamoja na mitende yao na makaburi ya wazee wao. Mahekalu ya Abu Simbel yalikatwa vipande na kuinuliwa juu ya mlima kwa fedha za mataifa mengi. Tunafurahi kuwa mawe yale yamehifadhiwa. Tungefurahi zaidi kama wenye vijiji wangehangaikiwa kwa kiasi hicho.

WA JUU NA WA CHINI

Turudi sasa kwenye swali la Firauni, kwani halikuzama pamoja naye. Mwaka 1929 Uingereza na Misri ziliafikiana kwa barua kwamba Misri ipate mita za ujazo bilioni 48 kwa mwaka na Sudan bilioni 4, na kwamba katika nchi zilizokuwa chini ya Waingereza, zikiwemo Kenya, Uganda na Tanganyika, pasijengwe kitu mtoni au ziwani kitakachopunguza maji ya Misri bila ya idhini yake. Mwaka 1959 Misri na Sudan ziligawana upya, bilioni 55.5 kwa 18.5. Ethiopia, inayotoa maji mengi kuliko wote, haikuulizwa. Hata pale Jinja, bwawa la Owen Falls lilipofunguliwa mwaka 1954, Misri iliweka mhandisi wake wa kuangalia maji yanayoachiwa. Nguzo ya dhiraa ilikuwa imehamia Uganda!

Mwaka 1962 serikali ya Tanganyika ilitangaza kuwa Tanganyika huru haifungwi na mkataba wa 1929, maana haikukubali yenyewe bali mkoloni. Katika miaka ya 2000 Tanzania ilijenga bomba la kupeleka maji ya Ziwa Victoria Kahama na Shinyanga, miji yenye kiu ya miaka mingi. Mwaka 1999 nchi za bonde zilikubaliana jijini Dar es Salaam kushirikiana, na mwaka 2010 mkataba mpya ukafunguliwa kutiwa saini Entebbe. Ulianza kufanya kazi Oktoba 2024, Misri na Sudan zikiwa nje. Ethiopia ilianza kujenga bwawa lake kubwa katika Nile ya Buluu mwaka 2011 na kulizindua Septemba 2025, Misri ikiendelea kulalamika. Malalamiko hayo yasipuuzwe. Zaidi ya asilimia 90 ya maji ya Misri ni mto huo mmoja. Sisi mvua ikichelewa tunasubiri vuli, wao hawana vuli.

Sheria yetu ina neno hapa. Yamepokewa kwa Mtume (S.A.W.) mafunzo kwamba watu hushirikiana katika maji, malisho na moto. Na alipohukumu kati ya az-Zubayr na mtu wa Kiansari waliogombania mkondo wa maji Madina, kwanza aliamrisha az-Zubayr, aliyekuwa juu, anyweshe kisha amwachie jirani yake. Katika hukumu nyingine, ya bonde la Mahzur, wa juu anayazuia maji mpaka yafike vifundo vya miguu, kisha anayaachia yaende kwa wa chini. Hukumu hizo zilihusu mikondo midogo. Ama mito mikubwa, al-Mawardi na mafaqihi wengine wameieleza kuwa ni ya watu wote, kila mmoja achote na achimbe mfereji wake maadamu hamdhuru mwingine. Kwa hiyo wa juu hana haki ya kuyazuia maji akamwacha wa chini na kiu, na wa chini naye hana haki ya kumkataza wa juu asinywe. Kiasi gani ni haja na kiasi gani ni dhara, hapo ndipo mawaziri wa nchi kumi na moja za bonde hili wanapokutana na kuachana kila mara.

MASWALI YA KUJIPIMA

1. Kwa nini mafuriko ya Misri yalikuja wakati wa joto na pasipo mvua?
2. Eleza tofauti ya matumizi ya Mfereji wa Amirul-Muuminina katika zama za Umar (R.A.) na za al-Mansur.
3. Al-Muizz alikataza kutangazwa kimo cha mto. Toa hoja moja ya kumuunga mkono na moja ya kumpinga.
4. Tafuta nyumbani: maji mnayotumia yanatoka wapi, nani yuko juu yenu, na nani yuko chini yenu?